Kuti Mdomoni mwa Shimo

Mchimbaji Kitenge alipoulizwa mahakamani kama alimsikia mtu akigonga kutoka ndani ya shimo, kwanza aliinua kichwa. Alimtazama Nestor, aliyekuwa ameketi kati ya polisi wawili, akaitazama kofia yake mwenyewe aliyoikunja mikononi, ndipo akasema ndiyo, alisikia.

"Nilipiga jiwe, nikasikia na ndani kunapiga. Nikamwambia Prezida: muntu iko muzima humu! Akasema ni mawe tu inashuka. Akaenda kukata kuti, akalilaza pale mudomoni. Sisi tukaacha kuchimba. Kuti likishalala, utafanya nini?"

Watu waliojaa ukumbini wakaguna. Hakimu akagonga meza. Kwenye safu ya pili, Jeanne, mke wa Nestor, aliibana rozari ndani ya ngumi hadi shanga zikamwuma, maana alijua mambo mawili ambayo mle ndani hakuna mwingine aliyeyajua isipokuwa mumewe. La kwanza, Kitenge hakuwa mwongo. Mlio aliusikia kweli, wa mawe yanayotafuta pa kukaa. La pili, saa ile Kitenge alipokuwa ametega sikio juu ya shimo, yule anayedaiwa kufukiwa akiwa hai alikuwa jikoni kwake Jeanne, amejifunga nguo ya kitenge ya Jeanne, anakula ndizi ya kuchoma na kulalamika kwamba haina chumvi. Siri ya mtungi aijuaye kata, na kata yenyewe ilikuwa imeketi safu ya pili, imefunga mdomo.

Nestor alikuwa mkubwa wa wachimbaji wa mlima Lusamba, upande wa Kailo, ng'ambo ya mto kutoka mjini Kindu, tangu enzi za vita. Lusamba ni mlima wa kasiterite, jiwe jeusi linalotoa bati, na wanaume wameutoboa mpaka umekuwa kama muhogo ulioliwa na panya. Hakuna aliyempigia kura Nestor. Alikuwa mtu wa maneno machache na masikio mapana, anayeweza kulala kifudifudi juu ya udongo na kukwambia kama ukuta wa shimo utafika jioni. Walimwita Prezida, na tofauti na maprezida wengine, huyu aliingia shimoni kwanza na kutoka mwisho. Ndiye aliyekataza watu kushuka siku za mvua, ndiye aliyelazimisha nguzo za miti ndani ya mashimo, ndiye aliyegombana na kila mnunuzi aliyetaka kuwapunja akina mama wanaoosha mchanga. Kwa hiyo maadui hakuwa na haja ya kuwatafuta.

Safari hii adui alikuwa kampuni, iliyokuja na karatasi kutoka Kinshasa na msemaji mmoja aitwaye Blaise, kijana mwenye suti ya kubana na sauti ya padri. Wataalamu wa kampuni walipima mlima, wakaona mshipa mnene kuliko yote unapita chini ya shimo la zamani lililofungwa. Nestor akasema shimo lile lina kuti, halifunguliwi. Wachimbaji wote wakagoma, wakaweka mitaimbo chini. Miezi ikapita Lusamba pakiwa kimya kama kanisa siku ya Jumatatu.

Mgeni hawezi kulielewa neno hilo, kuti, mpaka aelezwe. Shimo likimmeza mtu na mwili usipatikane, mkubwa wa wachimbaji hukata kuti la mchikichi na kulilaza mdomoni mwa shimo. Tangu hapo lile si shimo tena, ni kaburi. Hakuna mchimbaji atakayelivuka, awe Mkristo, awe Mwislamu, awe mlevi asiye na dini. Kuti huinuliwa na mikono ya ndugu wa marehemu tu. Askari waliliheshimu, hata wale wa vita. Blaise hakuwa mjinga. Hakushindana na kuti. Alimtafuta ndugu wa marehemu, ili aliyelilaza ashtakiwe na mwenye haki aliinue.

Ndugu huyo alikuwa Mwanahamisi. Alisimama mbele ya hakimu katika ushungi mweupe, mwanamke mnene wa makamo, muuza samaki wa mtaa wa Mikelenge mjini Kindu, anayejulikana kwa mzaha na kicheko, na siku ile hakuwa na hata kimoja.

"Mume wangu Hamisi, mwili sikuletewa," alisema. "Sikumuosha, sikumuvalisha sanda. Niliambiwa kuti limelala, kaa eda. Nikakaa. Kila mwaka mbele ya Ramazani ninaenda Lusamba, ninalaza kuti jipya, ninamusomea Yasini. Leo huyu kijana wa kampuni ananiambia kuna watu walisikia anagonga. Mimi sitafuti kitu. Nataka tu Prezida aniambie: mulimuacha iko muzima?"

Akamgeukia Nestor. Nestor hakuyakwepa macho yake. Mwendesha mashtaka akasema kosa la vita halizeeki, na kwamba mtu huyu, kwa kuwafurahisha watu wa bunduki, alimzika kijana mzima ili kazi iendelee mashimo mengine. Alipoulizwa kama ana la kujitetea, mshtakiwa alisimama.

"Kuti nililaza mimi," alisema. "Sina lingine."

Jeanne alitamani ardhi ipasuke, si immeze yeye, immeze Nestor na kiburi chake.

Ilikuwa wakati wa vita vya pili. Treni ilikuwa haifiki tena Kindu, na chumvi ikawa kitu cha kuota usingizini. Watu wa bunduki walikuwa wamekaa juu ya Lusamba, na wachimbaji walilazimishwa salongo, yaani kazi ya bure kwa ajili ya mkubwa wao. Kwanza salongo ilikuwa siku moja ya juma, halafu juma lote likawa salongo. Hamisi alikuwa kijana mwenye damu moto, ameoa karibuni. Asubuhi moja ya mawingu alitupa mtaimbo miguuni pa kamanda na kusema hashuki katika shimo lililolowa, hata wakimuua. Kamanda akacheka. Akamwambia ashuke kwanza, wataonana jioni. Kila mtu alijua maana ya kuonana na kamanda jioni, kwa sababu waliotangulia kuonana naye walipelekwa mtoni na hawakurudi.

Mchana mvua ikapiga, na ukuta wa shimo ukaanguka. Wote wakakimbilia mdomoni. Nestor peke yake alizunguka nyuma ya mlima, kwenye tundu la hewa lililotokea kijitoni, maana alilichimba mwenyewe na wengine walikuwa wamelisahau. Akamkuta Hamisi anatambaa kutoka, mwekundu kwa tope kutoka nywele hadi kucha, anatema udongo. Nestor akamtazama kwa muda wa kumeza mate.

"Wewe umekufa," alimwambia. "Shuka kwa mama Falone akupe nguo."

Ndivyo Hamisi alivyoingia jikoni kwa Jeanne, aliyeitwa mama Falone kwa jina la mwanawe, maana wakati ule walikaa chini ya mlima. Alitoka na kitenge cha maua ya manjano, kitambaa kichwani na beseni la majani ya muhogo juu yake, akapita mbele ya askari kama mama anayetoka shambani. Mmoja alithubutu hata kumpigia mbinja. Nestor alirudi mdomoni mwa shimo, akachimba kidogo na wenzake, Kitenge akapiga kelele zake, na kuti likalala. Mtu aliyekufa hatafutwi.

Lakini kamanda hakuwa mtoto. Alituma watu kutazama kama mke analia. Mwanahamisi alilia kilio ambacho wale watu wenyewe waliondoka wameinamisha vichwa. Aliparamia mlima anataka kufukua kwa mikono, na aliyemshika kiuno ni Jeanne. Jeanne alimkumbatia, akamwambia Mungu ndiye ajuaye, akalia naye, na huku kitenge chake cha manjano kilikuwa njiani kwenda Kibombo, kituo cha reli, mwilini mwa Hamisi. Kuna dhambi mtu huitenda mara moja ikamlisha nyama yake mwenyewe maisha yote, na kwa Jeanne ilikuwa hiyo.

Walikusudia kumwambia vita vikiisha. Lakini vita havikuisha kama mvua. Viliisha vikianza tena, na watu wa bunduki walipoondoka Lusamba, Mwanahamisi alikuwa amemaliza eda zamani, ameolewa na Hamidou fundi wa baiskeli, na mgongoni ana mtoto, Sofia. Nestor alikuwa Mkatoliki. Sheria ya majirani zake aliipata kilabuni, kwa watu wanaoujua msikiti kwa nje, nao walimhakikishia kwamba mwanamke akiolewa juu ya mume aliye hai, watoto wake ni wa haramu, hawarithi, na hawana baba wa kuwaoza. Kumwuliza shehe aliogopa, maana Kindu kuuliza ni kusema. Alimtumia Hamisi habari kwa mdomo wa mfanyakazi wa reli. Jibu likarudi kwa mdomo uleule: yaacheni hivyo, na mimi huku nimeoa. Basi Nestor akamwapisha mkewe kwa rozari. Wanasema njia ya mwongo ni fupi. Ya kwao ilikuwa ndefu kama reli, na kila mwaka kabla ya Ramadhani Mwanahamisi aliipita na kuti begani.

Siku ya Jumapili Jeanne alipeleka wali na sombe ya majani ya muhogo gerezani, maana gerezani anayekula ni mwenye mke au mama. Akakaa kwenye kigogo mbele ya Nestor, akamwangalia anavyokula kwa adabu kama mtu aliyealikwa harusini. Mwendesha mashtaka alikuwa ameomba kifungo cha maisha. Hukumu ilikuwa kesho kutwa.

"Baba Falone, sema," alimwambia kwa sauti ya chini. "Hamisi iko Kibombo, iko muzima, anauza mafuta ya mawese pale gare, kwa treni. Atapanda pikipiki, atakuja, kesi itakwisha."

"Na Sofia?"

"Sofia haiko mutoto wako!"

"Anaolewa mwezi wa kuja. Nani ataoa mutoto wa haramu? Na Hamidou utamwambia nini? Muke wake haiko muke wake?" Akaufinyanga wali, hakuutia mdomoni. "Tena kuko mulima. Ule upande umeoza, Jeanne. Niliongea na kampuni mambo ya udongo, wakacheka. Niliongea na wachimbaji, wakasema njaa njo inaua kupita udongo. Lakini kuti hawavuki. Siku wakijua shimo haina muntu, watashuka."

"Kwa hiyo utaoza wewe kwa kuwa mulima umeoza."

"Kuko wenye walikufa kwa kitu kidogo kupita hii."

Jeanne alimpenda mumewe, na siku ile alitamani kumpiga kwa sufuria. Mtu gani huyu anayebeba watoto wa watu, mashimo ya watu, makaburi ya watu, na mke wake mwenyewe anamwachia kubeba sufuria tupu kurudi nayo nyumbani? Alilia njia nzima bila kujificha, na waliomwona wakasema mke wa muuaji analia.

Kesho yake, baada ya sala ya alasiri, alimkuta Shehe Idrissa katika shamba lake la karanga nyuma ya msikiti, amekunja kanzu kiunoni, analima. Jeanne akamsalimu, akamwuliza habari ya karanga, akamwuliza habari ya mgongo wake, ndipo akasema ana swali la mama mmoja wa Kasongo.

"Sema la mama wa Kasongo," shehe akasema, akiegemea jembe.

Jeanne akasema. Mume aliyedhaniwa amekufa, eda iliyokaliwa, ndoa ya pili, watoto, kisha mume wa kwanza kumbe yuko. Watoto wale ni wa haramu?

"Nani alikuambia vile? Watoto ni wa baba yao, hawana doa hata moja. Mama alikaa eda, hakujua. Dhambi gani atapewa? Ile ndoa tutaiketia, wa kwanza atatoa talaka, muda utapita, watafungishwa upya. Ni jambo la vikao, haiko jambo la kilio."

Jeanne akakaa chini palepale katikati ya karanga. Miaka yote ile! Jibu lilikuwa hapa, nyuma ya msikiti, umbali wa kutupa jiwe kutoka nyumbani kwake, na mumewe alilifuata kilabuni.

"Ninyi wenzetu," shehe akasema, na sasa hakuwa anatabasamu, "munaogopa dini ya jirani sawa munavyoogopa imbwa yake, hamuulizi kama inauma. Mficha maradhi kilio kitamfichua. Lakini sikiliza, mama Falone. Huyo mama wa Kasongo asisikie jambo lile mbele ya watu. Umwambie wewe, chumbani, mulango umefungwa. Leo."

Jeanne akaenda. Alifika hadi kwenye uzio wa Mwanahamisi. Ndani wanawake walikuwa wakipepeta mchele wa harusi, mtu anaimba, na kicheko cha Mwanahamisi kilisikika juu ya vyote, kicheko ambacho Jeanne hakukisikia tangu kesi ianze. Alisimama mkono ukiwa juu ya mlango wa matete. Alijiambia ataingia wakimaliza wimbo ule. Wimbo ukaisha, ukaanza mwingine, naye akageuka akaenda zake. Alikuwa mwoga, basi. Hakuna neno zuri zaidi la kulisemea.

Kwa hiyo Mwanahamisi alilisikia mbele ya watu.

Hakimu alikuwa amekwisha kumwuliza mshtakiwa neno lake la mwisho, na Nestor alikuwa amekwisha kusema kuti alililaza yeye na hana lingine, pale Jeanne aliposimama. Hakuomba ruhusa. Rozari ilimkatikia mkononi, shanga zikatawanyika sakafuni.

"Hamisi haikufa!" alipaza sauti. "Alitokea kwa tundu la hewa. Mimi njo nilimuvalisha kitenge changu, akapita mbele ya masoda, wale wa bunduki. Iko Kibombo mupaka leo. Nestor alinyamaza juu ya watoto wa mama Sofia, alizani watakuwa wa haramu, na haiko hivyo, muulizeni shehe! Hawana doa! Hakuna kitu kinavunjika!"

"Jeanne!" Nestor alisema, mara moja tu, kama mtu anayeona beseni linaanguka kutoka mikononi mwa mwingine.

Ukumbi ulilipuka. Polisi walisukuma watu, hakimu aligonga meza mpaka kalamu zikaruka. Na wote, waliopiga kelele na waliotulia, walikuwa wakimwangalia Mwanahamisi, na baada yake wakimwangalia Hamidou mumewe, kuona ndoa inavyovunjika. Mwanahamisi hakuwa na habari na ndoa. Alikuwa amesimama, mkono mmoja kwenye ushungi.

"Kibombo?" aliuliza. "Kibombo hii yetu?"

"Ndiyo, mama Sofia," Jeanne akajibu, na sauti ilikuwa imemshuka.

"Pale treni inasimama."

"Ndiyo."

"Mimi nilipita pale. Nilikuwa naenda Kongolo kwa dada yangu, treni ikaharibika, tukashinda pale muchana wote. Nilitandika mukeka. Nilinunua mafuta." Alifumba macho, kama anayejaribu kukumbuka uso wa muuzaji. "Sasa mimi kule Lusamba nilikuwa namusomea nani?"

Hapo ndipo Jeanne alipoelewa, na kuelewa kulimjia kama maji ya moto miguuni. Yeye na Nestor walikuwa wamehesabu kila kitu: askari, sheria, urithi, maneno ya watu. Hawakuhesabu kwamba mwanamke huyu alimpenda mtu, akampoteza, na akawa mwaminifu kwa shimo tupu. Jambo hilo lilikuwa wazi mbele ya macho yao kila mwaka, likipita njiani na kuti begani.

Hamisi aliletwa kwa pikipiki, polisi nyuma yake. Alikuwa amenenepa, ana mvi, na meno ya mbele hana. Alieleza yote, na yote yalilingana na maneno ya Jeanne, hata maua ya manjano. Hakimu alipomaliza naye, Mwanahamisi aliomba kumwuliza jambo moja.

"Ulijua kama ninaleta kuti?"

Hamisi aliangalia sakafu. "Nilisikia."

"Kila mwaka?"

"Watu wa treni walikuwa wanasema. Nilisikia."

Mwanahamisi akaukaza ushungi wake, akatoka. Hamidou akatoka nyuma yake, akisukuma baiskeli, akitembea polepole ili asimpite. Ya shehe yakawa kama shehe alivyosema: Hamisi alitoa talaka, vikao vikakaliwa, na posa ya Sofia haikuvunjika. Hakuna mchumba aliyekimbia. Watu wa Mikelenge walisema siku mbili tatu, kisha wakaenda kula harusi.

Nestor aliachiliwa siku chache baada ya ushahidi wa Hamisi. Wa kwanza kumpa mkono mlangoni alikuwa Blaise wa kampuni, uso umeng'aa.

"Hongera, Prezida," alisema kwa ile sauti ya kipadri. "Kumbe lile shimo haina muntu."

Nestor hakwenda nyumbani. Alivuka mto siku ileile, Jeanne akimfuata na sufuria kwa sababu hakujua afuate na nini kingine, wakapata lori hadi Lusamba. Walikuta wachimbaji wamekusanyika mbele ya shimo la zamani, mitaimbo mabegani, na mawingu yameshika juu ya mlima. Kuti la Mwanahamisi halikuwepo. Nestor akakata jingine, akalilaza mdomoni, akasimama kando yake.

"Mulima umeoza," aliwaambia. "Si mambo ya kampuni, si mambo ya kesi. Nimeusikiliza miaka. Mukitoa udongo hapa, na mashimo ya kando yatashuka. Nawaomba, ndugu zangu."

Wachimbaji walitazama chini. Wengi wao aliwafundisha yeye kushika mtaimbo. Kitenge ndiye aliyesogea mbele. Hakuwa na hasira usoni. Ingekuwa afadhali angekuwa nayo.

"Prezida, nililia kwa shimo hii," alisema. "Nililota ule muntu anagonga, miaka yote. Niliamka usiku, muke wangu ananishika. Na wewe ulijua. Sasa safari hii iko nani mule ndani?"

Kitenge akainua mguu, akalivuka kuti. Nyuma yake akavuka mwingine, akifunga macho kama mtoto anayeruka mfereji. Halafu wakavuka wote, bila haraka, na kuti likabaki chini limekanyagwa tope. Jeanne aliona mumewe anazeeka pale aliposimama. Alikuwa amepambana na askari, wanunuzi na kampuni, hakuna aliyemshinda. Na sasa alishindwa na watu wake mwenyewe, kwa haki, kwa uongo alioutumia kuokoa mmoja wao.

Walirudi Kindu. Walipofika nyumbani Mikelenge, jua lilikuwa bado halijazama, na majirani walikuwa wamesimama barabarani kwa mbali, hawasogei karibu. Kwenye kizingiti cha nyumba yao, kutoka nguzo hadi nguzo, lilikuwa limelazwa kuti la mchikichi. Lilikuwa limekauka, tope jekundu la Lusamba bado limeshika shinani, na kwenye ncha limefungwa kitambaa cheupe, kama alivyofunga Mwanahamisi peke yake. Alilifuata kule juu, akaliinua kwa mikono yake, yeye mwenye haki ya kuliinua, akalileta hapa.

Jeanne aliinama kuliondoa.

"Acha," Nestor akasema.

"Ni jani tu, baba Falone. Ingia."

"Haiko letu kuinua."

Alilitazama lile kuti muda mrefu, mlango uko wazi mbele yake, kitanda chake kinaonekana, koti lake limetundikwa msumarini. Wachimbaji thelathini walikuwa wamelivuka jingine mbele ya macho yake, yeye hakuweza. Akakaa chini, nje, mgongo ukiegemea ukuta. Jeanne alifikiri kupita peke yake. Yeye si mchimbaji, kuti halimhusu. Kisha akakumbuka kiuno cha Mwanahamisi kilivyotetemeka ndani ya mikono yake siku ile mlimani, akaurudisha mguu.

Akaweka sufuria chini, akaketi kando ya mumewe. Ng'ambo ya mto, upande wa Kailo, mvua ilikuwa imeanza kunyesha. Nestor alikuwa amelaza kiganja juu ya udongo na kuinamisha kichwa, anasikiliza.